Njia ya Nne

Jumatatu njia ya nne ilikuwa na mita elfu mbili mia moja na kumi. Jumanne ilikuwa na mita elfu mbili mia moja themanini. Jumatano mchana, Mama Futi alipofika kileleni na kuinama kusoma namba kwenye gurudumu lake la kupimia, alikuta elfu mbili mia nne. Alikaa chini kwenye majani yaliyolowa, akavua kofia na kuitupa.

Kazi yake ndiyo iliyompa jina. Kwa miaka kumi na moja alikuwa akipima njia za watembea kwa miguu vilimani, akisukuma gurudumu lenye mpini mrefu, linalolia tak kila linapomaliza mita moja.

"Kilima hakirefuki, Mama Futi," Mkuu wa ofisi alimwambia jioni ile bila kuinua macho. "Wageni wanakuja Jumamosi, na ramani inataka namba moja. Kama gurudumu limechoka, sema. Kama ni wewe uliyechoka, sema pia."

"Njia tatu zinanipa namba ileile kila siku, kwa gurudumu hilihili."

"Basi rudia hiyo ya nne."

Aliimeza hasira yake kama dawa chungu. Lilikuwapo jambo jingine ambalo hakulisema, maana angechekwa. Kule juu, alipopita jiwe la sita la njiani, ukungu ulimfunika, akasimama, gurudumu nalo likasimama. Lakini nyuma yake, hatua kama ishirini chini, kitu kiliendelea kulia tak, tak, tak, kisha nacho kikanyamaza. Hewa ikanuka nywele zilizoungua.

Alhamisi alipanda tena, safari hii pamoja na shemeji yake, mdogo wa mumewe. Mumewe alikuwa dereva wa malori, wiki nzima yuko barabarani, hivyo nyumbani waliishi yeye, mabinti zake pacha, mama mkwe na huyu shemeji. Kazi ya shemeji ilikuwa kupaka alama za njano kwenye mawe ya njiani. Alikuwa mtu wa maneno, angeweza kupiga soga hata na jiwe lenyewe, na rangi ilikuwa imemganda chini ya kucha za mkono wa kulia, haitoki kwa sabuni wala mafuta ya taa. Mama yake alikuwa akimfukuza kwenye sahani ya pamoja kwa ajili ya mkono huo.

Walipofika jiwe la sita, rangi iliisha.

"Teremka ofisini ukalete kopo jingine," Mama Futi alisema. "Nakusubiri hapa."

"Usisogee, shemeji. Kaka akiniuliza nimekuacha wapi nitamjibu nini?"

Akashuka akiimba. Kutoka pale hadi ofisini ni nusu saa kwa mtu mwenye miguu myepesi, na kurudi ni zaidi. Lakini hazikupita dakika kumi, shemeji akatokea ndani ya ukungu. Hakuwa na kopo, wala hakuwa akiimba.

"Rangi iko wapi?"

"Si umeniita?"

"Sijakuita."

"Umeniita mara tatu, shemeji," alisema kwa sauti ya chini. "Ulikuwa unalia."

Kabla Mama Futi hajajibu, redio ya mkononi iliyokuwa kiunoni mwake ikakoroma. "Shemeji, unanipata? Nimefika ofisini. Njano zimekwisha, zipo nyekundu. Nilete nyekundu?" Ilikuwa sauti ileile, na nyuma yake Mkuu alisikika akinung'unika, "Mwambie amalize leo."

Mama Futi alimtazama yule aliyesimama mbele yake. Naye alikuwa ameisikia redio, midomo imemkauka.

"Huyo si mimi," alinong'ona. "Niulize chochote. Niulize jina la utani nililowapa pacha." Akanyoosha mkono kumshika.

Hakuuliza. Alianza kurudi nyumanyume, uso ukiwa umemwelekea, maana aliogopa kukipa kisogo kitu kile, na kila alipopiga hatua moja kuteremka, kile nacho kilipiga moja kumfuata, kikilia, kikimwita shemeji, kikijikwaa kwenye mawe kikainuka, na yeye akikokota gurudumu na kusoma kwa sauti kila aya aliyowahi kufundishwa utotoni, akichanganya mwanzo wa hii na mwisho wa ile, mpaka alipopita jiwe la tano na ukungu ukajifunga kati yao kama mlango, akasikia kilio kile kikienda mbali, juu zaidi na juu zaidi, ingawa nyayo zilikuwa bado zinashuka.

Chini, langoni pa ofisi, shemeji alimpokea na kopo la nyekundu mkononi. Mama Futi aliangua kilio.

"Nimekutana nacho," alisema.

"Pole," shemeji alijibu, akampokea gurudumu. "Mkuu usimwambie. Atasema umechoka."

Hilo lilikuwa kweli, naye akashukuru kueleweka na mtu mmoja angalau.

Jioni walikaa chini kula. Shemeji hakupiga soga. Alikula polepole, macho chini, mpaka mama yake akafurahi. "Leo mwanangu ana adabu," mama mkwe alisema. "Tena amenawa mkono ukatakata. Haya, sogea kwenye sahani."

Mama Futi aliutazama mkono ule ukiingia kwenye chakula. Kucha zilikuwa safi kama za mtoto mchanga. Ndipo akauona tena mkono ulionyooshwa kwake kule juu, na rangi ya njano chini ya kila ukucha. Dakika kumi. Hata kwa mbio, hakuna mtu anayefika ofisini kwa dakika kumi, na yeye aliyeishi kwa kupima hakupima hilo. Akarudisha tonge sahanini. Yule wa mbele yake aliinua macho, akatabasamu, akamsogezea maji.

Alfajiri aliwatoa pacha kimyakimya akawapeleka kwa jirani, kisha akarudi jikoni kumnong'oneza mama mkwe.

"Mama, tutoke. Aliyelala chumbani si mwanao."

"Mume wako hayupo, sasa unataka kunifukuzia na mtoto niliyebaki naye?"

"Tazama kucha zake, mama."

"Nimezaa mimi, hukuzaa wewe. Nitoke nyumbani kwangu nimkimbie mwanangu kwa sababu amenawa?"

Alibembeleza mpaka sauti ikamkauka. Ilikuwa kutwanga maji kwenye kinu. Akamwacha, akakimbia kumtafuta mganga, mzee wa kutengeneza saa kule sokoni, mwenye magoti mabovu na hasira za karibu. Alipanda kilima akilalamika kila hatua, lakini alipofika jiwe la tano alinyamaza, akavuta hewa puani.

"Huku hakuna jini," alisema. "Lilikuwepo. Lilikuwa likiivuta njia ili limpate mtu wa kuacha mahali pake, na wewe umemwacha."

Alisoma kwa muda mrefu, akipulizia mawe. Ukungu ulipasuka, na hatua thelathini tu kutoka pale waliposimama, shemeji alikuwa ameketi akiegemea jiwe la sita, viatu vimechanika, midomo imepasuka.

"Nimeshuka usiku kucha," alisema. "Kila nikishuka nakuta jiwe hilihili. Ulinikimbia, shemeji."

Mama Futi aliinama mbele yake. Alimwinua, akamweka mkono begani mwake.

Njiani mganga aliwaambia lililobaki. "Sura haiwezi kuwa ya wawili. Mama mzazi ndiye hakimu. Huyu asimame mlangoni, mama amjibu kwa kumwita 'mwanangu', na lile litatoka lisirudi. Lakini akilijibu lile hivyo kwanza, sura inabaki nalo, na huyu..." Hakumalizia.

Waliteremka kwa kasi, magoti ya mzee yakilia. Walipofika nyumbani jua lilikuwa limeshapanda, mlango umefungwa kwa ndani, na madirisha yote pia, jambo ambalo mama mkwe hakuwahi kulifanya mchana. Kupitia mbao za mlango ilikuja harufu ya nywele zilizoungua.

Shemeji alibisha. "Mama, ni mimi. Nifungulie."

Kandambili za mama mkwe zilikuja mpaka karibu kabisa, zikasimama. Mama Futi alibandika mdomo kwenye ufa. "Mama, mwite. Nakuomba, mwite tu mara moja."

Mle ndani mwanaume alizungumza, taratibu, kwa upole wa mtoto anayempenda mzazi wake.

"Mama, usifungue."

"Sifungui," mama mkwe alijibu. "Sifungui, mwanangu."