Jeneza Lililobeba Masufuria

Kila Jumapili, akishatoka chuoni kusoma Kurani, Zeyana alikuwa na kazi moja pale Kikwajuni: kusugua masufuria ya ami yake, Miraji, aliyemlea. Masufuria hayo yalipikia pilau za harusi nusu ya mji. Miraji aliyakodisha pamoja na mabusati, akiyapeleka kwa kigari chake cheupe, na gari hilo ndilo lililowalisha. Kodi ya barabara ya gari hilo ilikuwa haijalipwa mwaka wa pili sasa, na si kwa kukosa. Fedha za kubadilisha simu alikuwa nazo. Za kodi hana.

Badala ya kulipa, alibuni hila ya kutia kinyaa. Kwa kuwa alizoea kulibeba jeneza la msikiti bila malipo, Mzee Ubwa, msimamizi wa msikiti, alimwachia ufunguo wa stoo. Basi kila alipokuwa na safari ya kupita penye askari, Miraji alilipakia jeneza nyuma ya gari na kulifunika kwa shuka ya kijani. Nani atasimamisha maiti? Askari waliinamisha vichwa, naye akapita akichekea moyoni.

Jumapili moja masufuria yalizidi nafasi. Miraji akayatia ndani ya jeneza, machafu vilevile yalivyotoka harusini, na ukoko wake na mafuta yaliyoganda. Yakaoshwe huko huko Bububu, kwenye harusi nyingine, alisema. Zeyana alipomwambia haifai, aliamriwa apande nyuma ayashike yasigongane. Njia nzima harufu ya samli iliyochacha ilimpanda puani.

Mjinga hujiona mjanja. Askari wa Bububu alimtazama Zeyana, akatazama njia nyuma ya gari, kisha akauliza taratibu, "Tangu lini mtoto wa kike akaenda kuzika? Na wenzenu wako wapi?"

Unguja nzima inajua kuwa wanawake hawaendi makaburini na jeneza, wala maiti hasindikizwi na mtu mmoja. Shuka ikafunuliwa. Askari alitema mate pembeni. Gari likazuiliwa na vyote vilivyokuwamo.

Miraji hakuona haya. Alifungua kesi mahakamani, akadai gari lake limekamatwa kinyume cha sheria likienda kuchukua maiti. Shahidi wake ni Zeyana, na kila jioni alimkaririsha la kusema.

"Useme jeneza lilikuwa tupu," alimwambia. "Gari isiporudi, tutakula nini?"

Siku moja kabla ya kesi, Mzee Ubwa alibisha hodi. Bi Bashira, mwalimu wa chuo aliyemsomesha Zeyana tangu alif, alikuwa amefariki alfajiri. Ameshaoshwa, ameshakafiniwa, na stoo haina jeneza. Miraji akaanza maneno yake: amedhulumiwa, alikuwa kwenye kheri, na mtoto huyu ni shahidi.

Zeyana alihisi ile harufu ya samli imemrudia.

"Lilikuwa na masufuria, babu," alisema. "Machafu. Mimi ndiye niliyekuwa nkiyashika. Na kesho nkiulizwa, ntasema hivyo hivyo."

Bi Bashira alizikwa baada ya alasiri badala ya adhuhuri, kwa jeneza la kuazima mtaa wa pili. Wanaume walipokezana kulibeba, kila mmoja akimpisha mwenzake bega. Miraji alijisogeza mara tatu, na hakuna aliyempisha.

Kesho yake aliifuta kesi. Aliuza simu, akakopa na juu yake, akalipa kodi na faini, gari na jeneza vikaachiliwa. Jeneza aliliosha mwenyewe kwa sabuni na maji moto, kutwa nzima, wala Zeyana hakuambiwa asaidie. Alipolirudisha msikitini pamoja na Zeyana, Mzee Ubwa alinyoosha mkono kuutaka ufunguo.

Kisha mzee alimgeukia Zeyana. "Kodi ni fedha, mjukuu wangu, na fedha hutafutwa. Imani ya watu haiuzwi dukani. Ami yako alikimbia kulipa kile kidogo, akalipa kikubwa. Wewe uliogopa njaa, na bado ukasema kweli. Shika hivyo hivyo."

Miraji alisikia yote, akainama kukunja shuka ya kijani.