Mahindi Katikati ya Malka

Kila asubuhi kabla ya kwenda shule, Dinah alishuka hadi Mto Tana kuchota maji, kisha akapita kuyatazama mahindi yake. Aliyapanda kwenye malka, ile njia pana inayokatiza mashamba ili ng'ombe wa wafugaji wafike mtoni. Wakati wa mapigano ya wakulima na wafugaji malka ilizibwa kwa matawi ya mathenge, mti wenye miiba mikali, nyasi zikaota, na mama akamruhusu alime hapo.

Sasa vita vimekwisha. Pande mbili zilikutana mjini Garsen zikapatana, na jana miiba iliondolewa. Lakini mahindi ya Dinah yalikuwa ndiyo kwanza yanabeba! Moyo ulimuuma. Asubuhi hii alidamka, akaikokota miiba na kuirudisha njiani.

"Yakikomaa tu, nitafungua mwenyewe," alijiambia.

Mara akasikia kengele za ng'ombe. Alikuwa Mariam, binti wa wafugaji. Kabla ya vita walikalia dawati moja darasani. Mariam aliiona miiba, akaanza kuwarudisha ng'ombe haraka.

"Mariam! Mbona unarudi?"

"Njia imefungwa tena. Hata ile siku ilianza hivi hivi, miiba kwanza, halafu nyumba yetu ikachomwa. Naenda kumwambia mama tukimbie."

Dinah alimkimbilia. "Usiende! Ni mimi niliyefunga, peke yangu. Niliyaonea huruma mahindi yangu. Nisamehe, Mariam."

Akaivuta miiba kwa mikono mitupu mpaka damu ikamtoka. Mariam akaja kumsaidia. Ng'ombe wenye kiu wakapita mbio, mahindi yakalala chini, na Dinah akalia waziwazi.

Mama yake Dinah alifika akihema. Dinah hakumficha kitu.

"Mwanangu, mahindi tutapanda tena kule juu," mama alisema, akimtoa mwiba kidoleni. "Ungenyamaza, leo watu wangehama kwa hofu. Wazee walipatana kwa maneno, lakini ni sisi tutakaoilinda amani, kila asubuhi, hapa hapa njiani. Umefanya vyema kusema kweli."

Kisha akaifunga ile miiba mzigo mmoja.

"Hii ni kuni nzuri. Tukachemshe chai."

Mariam alitabasamu kidogo.

"Basi nangoja ng'ombe wanywe," alisema, "halafu naleta maziwa."