Agripina Avaa Kanga za Bibi

Mwaka ule wa 1953, kila asubuhi kabla ya shule niliwasha moto, nikampikia uji Bibi Mashavu, kisha nikamwamsha mdogo wangu Hiza aliyelala naye kitanda kimoja. Alhamisi moja Bibi hakuamka. Sikulia. Moyo ulikuwa umekufa ganzi.

Baada ya maziko watu wa kambi ya mkonge ya Ngombezi walijaa kwetu. Akaja Mama Agripina, Mnyamwezi, mtani wetu sisi Wazigua. Huyo alikuwa mwigizaji hasa! Kwenye ukumbi wa kambi aliweza kuwa karani, mlevi na mke wa jumbe, wote jioni moja. Gari la sinema lilipokuja Manundu tulimwona kwenye picha akiwa mkunga mzee, na baba alibisha kabisa kuwa si yeye.

Basi, kama ilivyo kazi ya mtani msibani, alivaa kanga za marehemu, akashika fimbo yake, akaanza kumwigiza.

“Nyie mmefuata ubwabwa tu, hamna lolote!” alifoka kwa sauti ya Bibi. Waliokuwa wakilia wakacheka. Mimi nilitazama tu.

Kisha akakohoa. Akageukia ukutani, akajifuta mdomo kwa pindo la kanga, akalikunja upesi. Watu wakazidi kucheka. Pindo lile nililijua. Miezi mitatu nilikuwa nikilifua damu, kwa kuwa Bibi aliniapisha nisimwambie mtu.

“Baba,” nikasema, “Bibi alikuwa anakohoa damu. Na Hiza naye ameanza kukohoa.”

Vicheko vikakatika. “Mwaija! Mbona hukusema?” baba aliuliza, huku akimbeba Hiza.

“Bibi alinikataza.”

Kesho yake Hiza alipelekwa hospitali ya Korogwe. Kifua kikuu kilikuwa ndiyo kwanza kinaanza. Alichomwa sindano miezi mingi, akapona.

Siku moja nilimkuta Mama Agripina barazani pale hospitali, amekuja kumjulia hali Hiza.

“Shikamoo, mama. Kumbe ulijua?”

“Marahaba. Sikujua, mwanangu. Kazi yangu ni kutazama watu. Nilimwona bibi yako akikunja lile pindo, nikaona litachekesha. Hata kumwuliza anaumwa nini sikumwuliza. Aibu imenishika.” Akanivuta karibu. “Mgonjwa akikwambia ufiche ugonjwa wake, usimfichie. Mwambie mtu mzima siku hiyo hiyo. Atakukasirikia, lakini atakuwa hai.”

Hapo ndipo nilipolia. Nililia mpaka muuguzi akatoka kuuliza kuna nini.