Mgonjwa Ni Mimi

"Leo saa nane uje kwangu. Mzee asijue kwanza."

Nilisoma ujumbe huo mara tatu kwenye simu ya mke wangu Genoveva, naye yuko uani anaoga. Jina la mtumaji lilikuwa herufi moja tu: A. Mimi ni mtu wa mashine ya kusaga, lakini nimesoma masomo ya jioni hadi nikapata cheti cha kidato cha nne nikiwa na watoto. Kusoma najua. Na mtu asiye na la kuficha huandikwa jina lake lote.

Akaingia amejifunga kanga, mabega yamekonda.

— Mama Vailet, leo unashinda nyumbani?

— Nitatoka kidogo. Nafika Bonga, kwenye kikundi cha akina mama.

— Kikundi si hukutana Jumanne? Leo Alhamisi.

— Siku hizi wamekufanya katibu wao?

Sikuwa na nguvu ya kumhoji, kwa sababu na mimi nilikuwa na langu.

Wiki tatu kabla, daktari aliniita pembeni, Genoveva akabaki kwenye benchi.

— Mzee Severine, mkeo ana saratani ya kongosho. Imeshasambaa.

— Usimwambie. Mwambie ni vidonda vya tumbo.

Kwetu ndivyo inavyofanyika: mgonjwa hupewa moyo, ndugu ndio hubeba habari. Daktari alikuna kichwa, akakubali. Kisha nikataka apasuliwe kwenye hospitali kubwa.

— Upasuaji hautaiondoa, mzee. Utafungua tu njia ya chakula. Na anaweza asiamke.

— Mpasueni. Mimi ndiye mume, nitatia sahihi.

Gari la kutupeleka huko lilikuwa lije kesho yake, Ijumaa. Genoveva nilimwambia tunakwenda kupima tu.

Saa saba na nusu akapanda bajaji barabarani, hapa Bagara. Nikamsimamisha jirani yangu Halidi na bajaji yake.

— Ifuate ile ya mbele.

— Si mama yule, mzee?

— Ifuate.

— Astaghafirullahi! Umri huu bado mnaviziana?

— Endesha, Halidi.

— Naendesha. Lakini mwenye nyumba akikupiga, mimi sijakuleta.

Tulikatiza mji, tukashika barabara ya Dodoma. Pale Bonga bajaji ya mbele ikasimama kwenye nyumba ya matofali yenye mlango wa bluu. Nyumba ile niliijua. Ilikuwa ya Aniceti.

Aniceti ndiye aliyepeleka posa kwao Genoveva, kule Mbulu, kabla yangu. Wazee walikuwa wameshaelewana nilipomtorosha binti tukaja Babati. Ni miaka thelathini na minne sasa. Aniceti akaoa, mkewe akafariki mwaka juzi. Sasa yuko peke yake. Na mke wangu anamwandika herufi moja.

Nikasimama chini ya dirisha kama mwizi.

— Hajui chochote, sauti ya Genoveva ikasema. Kesho siondoki naye. Jumamosi nataka tumalize.

— Mwambie mwenyewe, Genoveva. Mimi jambo la kuficha siliwezi.

— Wewe ulipata kusubiri zamani. Subiri na leo.

Nikausukuma mlango.

— Mnamaliza nini Jumamosi?

Aniceti akainuka polepole, miwani puani.

— Karibu, Severine. Kaa.

— Sikuja kukaa! Miaka thelathini na minne ulikuwa unamngoja mke wangu?

— Ningekuwa namngoja ningeshachoka, ndugu yangu.

— Unanifanyia mzaha?

— Baba Vailet, Genoveva akasema bila kusimama. Kesho unanipeleka wapi?

— Tusibadilishe mazungumzo.

— Unanipeleka wapi?

— Kupima. Nilishakuambia.

— Kupima nini?

— Hivyo vidonda vya tumbo.



— Severine, kwa miaka yote hujawahi hata kuinjika sufuria. Wiki tatu sasa unanipikia chai alfajiri na kunipepea. Ulidhani nitafikiri nini?

Nikageukia mlango.

— Kwanza nilifikiri una mwanamke. Unaongea na simu nyuma ya choo, nikikaribia unakata. Jumatatu nikaenda mwenyewe kwa daktari. Nikamuuliza, mgonjwa ni mimi au ni mume wangu? Akainamisha kichwa. Akaniambia ugonjwa wenyewe, na upasuaji ulioupanga.

Nikakaa kwenye kiti nilichokataa.

— Nilitaka usikate tamaa, nikasema.

— Ulitaka nipasuliwe bila kujua kwa nini.

— Nilitaka uishi!

— Unaweza kunifanya niishi?

Aniceti akajikohoza.

— Mimi ni katekista, Severine, unajua. Mlikaa pamoja bila ndoa ya kanisa, na mkeo hajapokea komunyo tangu ulipomtorosha. Anataka ndoa ifungwe kabla hajazidiwa. Paroko amekubali kusiwe na matangazo ya ndoa kanisani. Nimeandika Jumamosi. Hicho ndicho tunachomaliza.

— Ndoa? Na nani?

— Na nani mwingine, mpumbavu wewe, Genoveva akasema, machozi yanamtoka huku anacheka.

— Sasa bwana harusi mlimficha?

— Nilikuwa nakungoja uniambie ukweli kwanza. Kila asubuhi nilinywa chai yako nikasema leo atasema. Sikutaka kula kiapo na mtu anayenidanganya.

— Na kesho? Gari limeshapangwa. Sitakuacha ufe, Genoveva.

— Kufa ninakufa, hilo hatukuulizwa. Linalobaki ni kama nitafia kwangu nikiwasikia wajukuu, au ndani ya chumba nisichokijua, tumbo limeshonwa. Hilo ni langu. Usinichagulie.

Nilitoa simu. Nikapiga, Aniceti akaniwekea sauti ya nje ili wote tusikie.

— Daktari, ni Severine. Nipo na mke wangu.

Daktari akashusha pumzi ndefu.

— Afadhali. Nilikuwa nangoja mmoja wenu aseme.

— Amesema hataki upasuaji.

— Najua. Jumatatu aliniandikia na kutia sahihi.

— Mbona hukuniambia?

— Aliniomba nisikuambie. Kama ulivyoniomba wewe. Kosa ni langu, mzee. Habari ile ilikuwa yake kwanza, nami nikakupa wewe.

— Asipopasuliwa itakuwaje?

— Tutamtuliza maumivu. Ipo dawa ya kunywa, nesi atakuja Bagara kila wiki. Gari la kesho nilifute?

Nikamwangalia Genoveva. Hakunisaidia hata kwa kutikisa kichwa.

— Muulize yeye, nikasema. Mgonjwa ni yeye.

— Lifute, daktari, Genoveva akasema. Asante.

Jumamosi binti yetu Vailet alimsaidia mama yake kuvaa gauni jeupe lililobidi kupunguzwa pande zote. Halidi alitupeleka kanisani na bajaji yake aliyoifunga maua, akakataa kuzima honi.

— Mzee, leo unamfuata kwa ruhusa! akapaza sauti, watu wote wakacheka.

Genoveva hakuweza kusimama, kwa hiyo padre akatufungisha ndoa tumekaa. Akauliza kama tumekuja kwa hiari, bila kulazimishwa na mtu. Genoveva akaniacha nijibu kwanza, kisha akasema ndiyo kwa sauti iliyofika hadi mlangoni. Akapokea komunyo amefumba macho.

Watu walipotoka nje kupiga vigelegele, akanivuta mkono nibaki kwenye benchi.

— Jambo moja sikumuuliza daktari. Nilimwambia aliache, utaniambia wewe. Ni miezi mingapi?

Uongo mzuri ulikuwa tayari mdomoni. Mwaka, pengine miwili.

— Mitatu, nikasema. Labda minne.

Akaitikia kwa kichwa taratibu, akaushika mkono wangu kwa nguvu aliyokuwa nayo.

— Asante, mume wangu. Sasa sogea, umekalia gauni.