Mgeni wa Jumasita

Doris alikuja kiwanda cha uchapaji asubuhi kuchukua kadi zake za harusi, akamwambia Wenseslaus neno la sifa lililomkosesha raha.

"Kaka Wense, umefanya vizuri kwenda kumkatia mama majani ya ng'ombe juzijuzi. Jirani zako wote kule Uru tunakusifu."

Wenseslaus hakuwa amekanyaga Uru tangu Pasaka. "Juzijuzi lini?"

Doris akaanza kuhesabu kwa vidole. "Si Jumatano. Na Alhamisi nilikuwa sokoni... Mbona siikumbuki? Ilikuwa hapo katikati."

Hiyo siku ya katikati Wenseslaus aliijua vizuri, kwa sababu aliitengeneza mwenyewe.

Enzi hizo za ruksa, biashara zilipofunguliwa, kila mwenye kibanda Moshi alitaka kalenda yenye jina lake, na mashine za Bwana Prakash, mwenye kiwanda, hazikupumzika. Mpanga herufi alikuwa Wenseslaus. Siku moja, akipanga siku za juma, akaona kioja: Jumatatu, Jumanne, Jumatano, halafu ghafla Alhamisi, ambayo kwa Kiarabu nayo ni ya tano. Tano mbili, sita hakuna! Akacheka mpaka akatoa machozi. Akachapa kalenda ya mzaha yenye juma la siku nane, Jumasita akaipachika katikati ya Jumatano na Alhamisi. Pale kiwandani ikawa msemo: mteja msumbufu akiuliza kazi yake, anaambiwa aje Jumasita.

Yangeishia hapo, lakini mtu mzima hovyo yule akampelekea mama yake nakala. Bi Salvina alikuwa mjane, na Kiswahili chake kilikuwa cha kanisani na sokoni. Nyumbani ni Kichagga tu. Alipomuuliza mwanawe atapanda tena Uru lini, Wenseslaus akamjibu, "Jumasita, mama," akashuka mlima akijichekea. Mama akaitundika kalenda chini ya picha ya Bikira Maria, akaifuata. Juma lake likaanza kuteleza. Akavaa kitenge chake cha Dominika, akaenda kanisani siku isiyo na Misa, akakaa peke yake kwenye benchi mpaka watoto wa shule wakamchungulia dirishani wakimcheka. Wenseslaus alipoambiwa, alijifanya hakusikia. Mzaha mzaha, hutumbuka usaha.

Mchana ule akaomba ruhusa, akapanda. Mpakani mwa kihamba, shamba la migomba la kwao, akachuma jani la isale, maana Mchagga aliyekosa akija na isale mkononi, hanyimwi msamaha. Alikusudia kusema yote.

Ukungu ulikuwa umeshuka katikati ya migomba. Kabla hajafika uani akasikia mtu akiimba wimbo wa Kichagga wa utotoni, wimbo ambao yeye alikwisha kuusahau, na sauti ilikuwa yake. Kisha harufu ikamfikia, wala haikuwa ya ng'ombe wala ya moshi wa jikoni, bali ya wino mbichi na mafuta ya taa ya kuoshea herufi, harufu ya mikono yake mwenyewe, na kadiri alivyotaka kugeuka ndivyo miguu ilivyozidi kumpeleka mbele, mpaka akamwona mama yake mlangoni, na kando yake, kwenye kigoda, mtu anamenya ndizi, ambaye alipoinua uso ulikuwa uso wa Wenseslaus, ila umegeuzwa kama herufi kabla ya kuchapwa, kovu la shavu la kushoto likiwa kulia.

"Shikamoo, mama," akanong'ona.

"Marahaba. Karibu, mgeni."

"Mama, ni mimi! Huyo hapo ni jini."

"Najua." Mama naye alinong'ona. "Nilimuuliza padri Jumasita ni lini, akaniambia siku hiyo haipo. Ndipo nilipojua umenifanya kichekesho. Nikakaa hapa nikalia, nikasema, kama mwanangu amenipa siku isiyokuwepo, basi na aje huyo mtoto asiyekuwepo. Akaja. Ananikatia majani, ananipikia mtori wa ndizi. Hajachelewa hata mara moja."

Wenseslaus akapiga magoti kwenye tope, akamnyooshea mama lile jani kwa mikono miwili. Hakuweza kumtazama machoni.

"Nisamehe, mama. Nilikudanganya. Nilikucheka, mimi na wenzangu."

Bi Salvina hakulipokea. Akanyoosha kidole juu ya mlango, mahali palipochomekwa isale jingine, limeshaanza kunyauka.

"Huyu aliniletea hilo. Alipiga magoti hapo hapo ulipo, akaniomba msamaha kwa jina lako. Nilijua yeye ni nani, lakini isale halikataliwi, Wense. Nilikuwa na msamaha mmoja kwa kosa lile, na nimeshampa yeye."

"Na mimi je, mama?"

Yule wa kwenye kigoda akaweka kisu chini, akajifuta mikono, akasimama kwa adabu kama kijana aliyelelewa vizuri.

"Mwanangu," akasema Bi Salvina, na hakuwa akimtazama Wenseslaus, "msindikize mgeni mpaka barabarani. Ukungu umekuwa mzito."