Pasi Iliyokunywa Mate

Ile pasi ya mkaa iliingia nyumbani ikiwa baridi na tupu, haina hata chembe ya mkaa, lakini chumba cha kufulia kikaanza kunuka nywele zilizoungua na mafuta yaliyochacha. Mke wa dobi alinusa makwapa ya mashati, akanusa mfereji, akanusa hata viatu vyake. Mwisho akaifuata pua mpaka kwenye meza ya mumewe.

"Umeokota nini tena?"

"Sikuokota, nimenunua," dobi alisema, akiipapasa pasi kama anayechagua mbuzi sokoni. "Za siku hizi ni mabati matupu. Hii ina uzito. Tazama."

Akafanya kile wanachofanya madobi: kwa mazoea tu, ingawa ilikuwa baridi, aliitemea mate kuipima moto. Mate yakichemka na kuruka, dobi hujua pasi iko tayari. Haya hayakuchemka. Yalizama ndani ya chuma polepole, kama maji yanavyozama kwenye mkate, na chuma kikabaki kinang'aa kama midomo iliyolambwa.

"Umeona hiyo?" mke akauliza.

"Kutu tu. Ina kiu."

Wawili hao waligawana kazi: mke anafua, mume anapiga pasi. Kwa hiyo madoa ya mtaa mzima yalipita mikononi mwa mke, na mengine aliyajua kama anavyowajua majirani. Aliijua aproni ya mchinjaji, iliyoletwa imeganda damu ya mwenyewe baada ya shoka kumkata kidole cha shahada. Aliisugua mpaka mikono ikakunjamana, kivuli cha doa kikakataa kutoka. Mume akaichukua, akaipitishia ile pasi isiyo na mkaa, na kivuli kikayeyuka kwa mlio mdogo wa kufyonza, kama mtoto anayemalizia uji kikombeni.

Mchinjaji alipokuja kuichukua, aliweka mkono mezani.

"Pole na kidole, shemeji," mke wa dobi alisema.

"Kidole gani?"

"Kilichokatika."

Mchinjaji akacheka. "Shemeji, mvuke wa sabuni umekupanda kichwani. Vidole vyangu hivi hapa, hesabu mwenyewe."

Kweli, alikuwa navyo vyote. Ila kile cha shahada kilikuwa cheupe, hakina ukucha wala kifundo, kimetepeta kama utumbo uliochemshwa, na kilipoinuka mezani kiliacha utelezi wenye harufu ile ile ya mafuta yaliyochacha. Mchinjaji alikilamba bila kufikiri, akaaga. Mke wa dobi aliufuta utelezi kwa kitambaa, akakitupa kitambaa, akatoka nje kutapika.

Alipomaliza, hakurudi ndani. Alikwenda moja kwa moja kwa muuza vyuma chakavu aliyemuuzia mumewe ile pasi, akamkuta amekalia betri ya lori, anachokonoa meno kwa waya.

"Ile pasi ina mwenyewe ndani," muuza vyuma alisema kwa sauti ya chini, kama anayemsengenya mpangaji wake. "Jini. Akila doa, jambo lililoleta doa huwa halikutokea kamwe. Kila mtu husahau, isipokuwa yule aliyelifua doa kwa mikono yake. Ila mama, msimtemee mate. Akishaonja mate ya mtu, mtu huyo ni mtumishi wake."

"Nawe ukamuuzia dobi?"

"Mimi nauza chuma kwa uzito. Majini sipimi."

Mke wa dobi hakubaki kugombana. Alianza kukimbia, kwa sababu alikumbuka sanduku lililokuwa chini ya kitanda. Ndani yake alitunza shuka alilomzalia binti yake, lenye doa lisilotoka hata kwa magadi. Mumewe hakuacha kulilalamikia. Nyumba ya dobi ina shuka lenye doa, alizoea kusema, watu wakijua si nitafunga duka?

Aliusukuma mlango, na harufu ikampiga usoni kama tambara bichi, na akamwona mumewe ameinama juu ya meza huku ulimi umemning'inia, mweupe, umevimba, unadondosha ute mzito juu ya pasi iliyokuwa ikiunywa bila kuacha tone, na chini ya pasi lile shuka limetandazwa, nusu ya doa imekwisha, na kwenye benchi binti yake, aliyeachwa hapo na kitabu chake cha shule, akikaa bila kutikisika huku ngozi ya mashavu ikilegea kama utando wa maziwa na kucha zikimdondoka mapajani moja baada ya nyingine.

"Mama," binti alinong'ona. "Siioni miguu yangu."

Mama aliishika pasi. Haikuwa chuma tena. Ilikuwa laini na vuguvugu, ikimlamba kiganja. Aliing'oa mkononi mwa mumewe, akaikimbiza kwenye pipa la maji machafu, yale yaliyokusanya jasho, usaha, kinyesi na damu za watu wa mtaa, akaizamisha kwa mikono yote miwili.

"Si unapenda madoa," alisema. "Haya, kunywa."

Ikanywa. Maji yakashuka pipani na pasi ikatuna tumbo, ikanywa tena kwa uroho, haikujua kuacha, mpaka kifuniko kikafunguka na yote yakarudi kwa mkupuo mmoja: nywele, meno, mchuzi uliooza, kile kidole cheupe kikijikunja kama funza, matapishi yaliyotapakaa sakafuni na mezani na juu ya shuka, ambako doa lilirudi jeusi kuliko mwanzo. Pasi ikapasuka vipande viwili. Dobi akaanguka, akikohoa.

Binti alilia kwa sauti yake mwenyewe. Mama akamkumbatia, akamgusa kucha zote, za mikono na za miguu.

Ndipo walipoona shuka jingine katikati ya yale matapishi. Nalo lilikuwa na doa.

"Hilo ndilo nililoanza nalo," dobi alisema kwa shida, akipangusa ulimi. "Lilikuwa katika sanduku moja na lile. Lilikuwa halijafuliwa kamwe, nikalipiga pasi hivyo hivyo. Nilitaka nikushangaze."

"Doa la nini?"

Dobi akafunika uso. "Sikumbuki, mke wangu. Nisamehe. Sikumbuki."

Shuka likatikisika. Chini yake akainuka msichana mkubwa kidogo kuliko binti yao, mweupe, ameloa, hana kucha, nywele zimegandamana kwa mafuta, na mdomo ni ule ule wa dobi. Binti akajificha nyuma ya mama yake. Mama alitafuta ndani ya kichwa chake. Mikono yake iliukumbuka uzito wa mtoto huyo, na mgongo uliukumbuka, jina halikuja.

"Mama," msichana alisema. "Mbona unaziba pua?"

Mke wa dobi akateremsha mkono. Alivuta pumzi kwa mdomo, akapiga magoti katika yale matapishi, akaanza kumwita kwa kila jina alilolijua.