Kodi ya Chumba cha Kaka

Nilifunga duka langu la kutengeneza kompyuta saa kumi na mbili kasorobo jioni, nikatia bisibisi zangu kwenye mkoba, nikaenda kwa wifi yangu. Wifi wa undugu, si wa mtandao. Kaka yangu hakuchoka kuurudia mzaha huo, na sisi wawili hatukuchoka kumwambia umechacha.

Kaka alikuwa na miezi mitatu kaburini. Alikutwa kwenye chumba chake cha kompyuta, mlango umefungwa kwa ndani, vidole vyote kumi vimevunjwa, mbavu zimebonyea ndani kama kapu lililokaliwa. Polisi walikuja, wakapima, wakauliza, wakaenda zao. Tangu hapo wifi aliishi peke yake pale ghorofa ya pili, na kila jua lilipozama alisikia kibodi ikigongwa ndani ya chumba kisicho na mtu. Mchana ule alinipigia simu. Hakulia. Aliniambia tu niende nikaiondoe ile mashine kabla hajaichoma moto pamoja na nyumba.

Mlinzi wa geti alinifungulia. Ni mtu wa maneno mengi, redio ndogo inaning'inia shingoni. Akaniuliza kama nimekuja kutengeneza kompyuta au kutafuta mchumba, maana yeye yupo. Nikamwambia akaoge kwanza. Akacheka mpaka akakohoa, nami nikapanda ngazi huku nikitabasamu.

Wifi alikuwa jikoni anamenya viazi. Amekonda, macho yamezama. Niseme wazi, yule mwanamke nampenda kuliko ndugu yeyote niliyebaki naye. Nilipolazwa mwaka juzi ndiye aliyeniogesha, ndiye aliyenilisha uji kwa kijiko miezi miwili bila kunikunjia uso. Akanipa ufunguo wa chumba kwa mkono uliolowa.

"Ng'oa waya, beba, uende nayo," akasema.

"Dakika kumi tu, wifi. Nivipange vitu vyake kwanza."

"Usipange. Beba."

Laiti ningemsikia! Lakini mimi nina ugonjwa wangu, wateja wote wanaujua. Siwezi kuihamisha kompyuta ya mtu ikiwa imevurugika ndani. Lazima kila kitu kiwe na folda yake, na kila folda iwe na jina.

Chumba kilinuka vumbi lililopata moto. Chini ya hilo vumbi kulikuwa na harufu nyingine, ya chuma kilicholowa. Swichi ya ukutani ilikuwa imezimwa. Nikagusa kibodi.

Ilikuwa na joto.

Nikajiambia ni jua la dirishani. Nikawasha, nikaingia kwenye akaunti yake, maana nywila nilimtungia mimi mwenyewe. Programu ikataka uthibitisho, kwa hiyo nikaifungua akaunti hiyo hiyo kwenye simu yangu, nikathibitisha, nikairudisha simu mfukoni. Maktaba yake ya gemu ikajitandaza kwenye skrini. Gemu mia nne na kumi na mbili, zimerundikwa ovyo kama nguo za kufua.

Nikaanza kupanga. Alizomaliza, huku. Alizoziacha njiani, huku. Nikalikuta gemu la bustani alilokuwa akicheza na mkewe, saa mia mbili na kumi, na waridi la mwisho bado halijamwagiliwa. Hapo nikalia kidogo, nikajifuta kwa mkono wa gauni, nikaendelea.

Mwishoni kabisa kulikuwa na folda moja aliyoipanga yeye. Aliiita "Kodi". Ndani yake mna vipande tisa vyeusi visivyo na picha wala jina, vyote vimeandikwa "Imekamilika". Na kwenye droo ya meza nikakuta bahasha ya rangi ya kahawia, juu yake neno hilo hilo kwa mwandiko wake. Ndani ya bahasha mna vikaratasi kumi na viwili, kila kimoja na herufi kumi na mbili. Tisa vina alama ya vema kwa wino mwekundu. Vitatu havina.

Kwetu sisi mafundi hilo si fumbo. Kodi ni zile herufi unazopewa unaponunua gemu. Unaziingiza kwenye kisanduku, unabonyeza Komboa, gemu linakuwa lako. Kaka alikuwa ameacha tatu bila kuzikomboa, na kodi isiyokombolewa hunikera kama bomba linalovuja.

Na kuna jambo lingine watu wa kazi hii tunalijua. Kodi haisomwi kama maneno. Ukiisoma kama maneno utakosea. Inasomwa herufi moja moja, kwa sauti, kila herufi na mfano wake.

Nikachukua kikaratasi cha kwanza. *MLIN-ZIWA-GETI.*

"M kwa meza. L kwa limau. I kwa inzi. N kwa nanasi..."

Nikabonyeza Komboa. Skrini ikafikiri kidogo, kisha ikaandika: *Kodi imepokelewa.* Mstari wa kijani ukakimbia kutoka mwanzo hadi mwisho kabla sijapepesa macho. Kipande cheusi cha kumi kikatokea.

Chini, getini, kitu kikagonga chuma. Ngaa. Ngaa. Ngaa. Haraka haraka, kama mtu anayebamiza geti kwa hasira. Nikadhani dereva fulani amechoka kusubiri afunguliwe. Kisha pakawa kimya, na ile redio ndogo ikaendelea kuimba peke yake.

"Umekuta nini humo?" wifi akauliza kutoka jikoni.

"Kodi zake."

Kisu kikaacha kumenya.

"Kodi ya nini? Nyumba hii ni yetu."

Nikacheka. "Kodi za gemu, wifi. Si kodi za nyumba."

Hakucheka. Akasema, kwa sauti ya chini mpaka nikainamisha kichwa nimsikie, kwamba mwaka ule wa mwisho kaka alikuwa akijifungia mle kila mwezi akisema anakwenda kulipa kodi. Alisema chumba kina mwenyewe. Yeye alidhani ni utani wake wa kawaida. Nami nilikuwa nikimsikiliza kwa sikio moja, maana kikaratasi cha pili kilikuwa tayari mkononi.

*MKEW-ANGU-HUYU.*

"M kwa meza. K kwa kiti. E kwa embe. W kwa waya..."

Komboa.

*Kodi imepokelewa.*

Safari hii mstari haukukimbia. Ulitambaa. Asilimia moja... mbili... Simu yangu mfukoni ikalia *ting*, kisha *ting* tena, kila asilimia mlio wake. Ile harufu ya chuma ikajaa puani. Kitu kikanipita mgongoni kuelekea mlangoni. Sikukiona. Nilihisi joto lake tu, na mapazia yakasogea.

Jikoni sufuria ikaanguka.

Nikakimbia. Wifi alikuwa amening'inia, vidole vya miguu vinaparuza sakafu, nywele zake zimekamatwa juu na kitu kisichokuwepo. Uso wake ukashushwa kwenye ukingo wa sinki. *Ting.* Ukainuliwa. Meno yakaanguka kwenye viazi. Ukashushwa tena. *Ting.* Hakupiga kelele, alikuwa akinitazama tu kwa jicho moja lililobaki wazi. Nikamrukia miguuni nikamvuta, na kitu kikanipiga kifuani kikanitupa mpaka kwenye jokofu. Mkono wake wa kulia ukanyooshwa pembeni, polepole, kama mtu anayejaribu tawi kabla ya kulivunja.

Ukavunjika.

*Ting.*

Ndipo akili ikanijia. Mlio na pigo vinakwenda pamoja. Nikatambaa kurudi chumbani, damu inanitoka puani, nikaushika waya nikaung'oa ukutani pamoja na plagi yake. Skrini ikafa. Namba ya mwisho niliyoiona ilikuwa arobaini na moja.

Jikoni mwili ukaanguka sakafuni. Kisha nikasikia pumzi zake, nzito, zenye maji ndani, lakini pumzi.

Kikaratasi kilikuwa chini ya goti langu. Nilikitazama, na kwa mara ya kwanza sikuona herufi. Niliona maneno. Mke wangu huyu. Nikavimwaga vile vingine. Mlinzi wa geti. Nikavisoma vyenye vema nyekundu. *MBWA-WAJI-RANI*, yule aliyekutwa kwenye mtaro kichwa kimepondwa, tukalaumu magari. *BABA-YETU-MZEE*. Baba yetu, aliyeanguka ngazini mwaka jana. Nilimwosha mimi, nikazihesabu zile mbavu zilizovunjika, nikajiuliza ngazi gani ile inayompiga mtu mgongoni na kifuani kwa pamoja. Na mwaka huo huo kaka alikuwa hashindwi shindano lolote la gemu aliloingia, nasi tulimpigia makofi.

Kikaratasi cha tatu kilikuwa kimejikunja pembeni. *DADA-YANG-UPIA.*

Dada yangu pia. Kaka hakuwa na dada mwingine.

Majirani walikuwa tayari getini. Mlinzi alikuwa amekaa akiegemea geti, na penye uso wake palikuwa na kitu kisichoitwa uso. Wakaniuliza nimeona nini. Nikasema nisaidieni kumbeba wifi yangu.

Hayo ni ya juzi. Sasa niko hospitali, kwenye wodi ya majeruhi, mchana kweupe, na watu wanapita na chupa za maji na mashuka. Kompyuta imelala bila waya kwenye kile chumba. Nilidhani nimeimaliza.

Jana alasiri daktari alikuwa akimfunga wifi bega. Simu yangu ikalia. *Ting.* Mfupa wa mtulinga, karibu na bega, ukavunjika katikati ya vidole vya daktari, kwa sauti ya kijiti. Akaruka nyuma. Alimtazama muuguzi, muuguzi akanitazama mimi, nami nikaitazama simu. Arobaini na mbili.

Akaunti iko kwenye simu. Niliifungua kwa mkono wangu mwenyewe. Nimeifuta ile programu mara nne, na mara nne imerudi. Nimeitumbukiza simu kwenye pipa la takataka la nje, nikaikuta mkobani ikiwa kavu. Leo asubuhi tuko hamsini na nane. Madaktari wanasema mifupa yake ina ugonjwa, wamechukua damu ya kupima.

Wifi aliamka kwa muda mfupi. Akanivuta kwa mkono uliobaki mzima, nikainama mpaka midomo yake ikanigusa sikio.

"Nilimsikia kaka yako siku ile aliyokufa," akanong'ona. "Alikuwa akiongea na mtu mle ndani. Alisema... huyu hapana. Huyu simwingizi. Nichukue mimi."

Nikamfuta jasho la paji.

"Nani ameniingiza, wifi?" akauliza.

"Sijui," nikamwambia. "Lala."

Nilimdanganya. Nilimwona akinisadiki, na hilo limenikata kuliko yote.

Baada ya hapo ndipo ujumbe ulipokuja. Kwa adabu kabisa, kama ujumbe wowote wa programu. *Kodi hii haijakamilika. Unaweza kuweka nyingine badala yake.* Chini yake kisanduku kitupu cha herufi kumi na mbili, na kitufe kile kile. Komboa. Zamani neno hilo lilikuwa la mateka. Mtu anatolewa, mwingine anaachwa mahali pake. Nimelibonyeza miaka yote bila kulifikiria.

Kikaratasi cha tatu ninacho, nimekificha kifuani ndani ya nguo. Najua kinachotakiwa. Kaka alikuwa na makosa ya kutisha, lakini mwishoni alijua. Nimeziandika herufi zangu mara mbili. Mara mbili nimefika mpaka ile A ya mwisho, nikaona uso ukishushwa kwenye sinki, nikafuta. Mimi ni mwoga. Sikujua hivyo mpaka leo, nilijiona mwanamke wa shoka.

Sitini na moja. Ubavu. Wifi ameguna usingizini.

Muuguzi wa zamu ya mchana amekuja. Ni dada mfupi, mnene kidogo, viatu vyake vyeupe vimepasuka pembeni. Tangu jana hajanipita bila kunisemesha. Amemgeuza wifi taratibu, akamfuta mdomo, akamwita mama kwa upole. Kisha akaniona nimechuchumaa ukutani, akaenda kunitafutia kiti. Akakiburuta mwenyewe kutoka wodi ya pili.

"Kaa, dada yangu. Utaumwa na wewe."

Nikakaa. Nikamshukuru. Akasema yeye ni muuguzi tu, ndiyo kazi yake, nami nikamjibu kwa kweli kabisa kwamba yeye ni muuguzi mwema.

Kisha nikasikia kichwa changu kinahesabu. Sikukiambia kihesabu.

Muuguzi, herufi saba. Mwema, tano.

*Ting.* Sitini na mbili. Wifi akafumbua jicho lake na kunitafuta.

Nikakitoa kile kikaratasi kifuani, nikakigeuza upande usioandikwa, maana sisi mafundi hatuamini hesabu ya kichwani. Nikamwomba yule muuguzi kalamu.

Akajipapasa mfukoni, akatabasamu, akanipa yake.